Saa Sita za Sikudhani

Mshale mfupi umelala kwenye saba
na sisi tunasema: saa moja.
Darasa zima, Mbagala, liliitikia hivyo,
isipokuwa binti Pazi wa dawati la nyuma
aliyenyoosha kidole: Mwalimu,
zile sita za katikati nani kazila?
Alichapwa mbili, mkono wa kushoto.
Swali halikuchapika.

Aliingia nalo chuoni, Mlimani,
akatoka nalo Daktari,
akalifungulia karakana Keko, nyuma ya mafundi makochi,
chumba kilichonuka gundi, risasi ya kuchomelea
na kisamvu cha jana.
Mimi nilikuwa kijana wake wa betri.
Niliajiriwa kubeba, si kuelewa,
lakini mtu habebi maji miaka kumi na mmoja
asilowane.

Alisema, huku akikaza skrubu, bila kunitazama:
Saa ya ukutani inahesabu tangu usiku wa manane,
ulimi wetu unahesabu tangu jua.
Palipo na hesabu mbili pana ufa,
na ufa, Kisinde, si kila mara wa kuziba.
Mwingine ni wa kuchungulia.

Usidhani ilikuwa mashine ya kutisha.
Bati la friji bovu, nyaya za shaba,
kiti cha saluni alichonunua Tandika
kwa elfu kumi na tano, baada ya kubishana nusu siku.
Umeme ukikatika, tulingoja.
Umeme ukirudi, tulirudi nao:
saa sita nyuma, kamili,
hata dakika moja ya nyongeza hakuna.

Wakaja. Nani asingekuja?
Wa mikeka ya mpira, matokeo yamekunjwa mfukoni,
akawafukuza kwa kipande cha bomba.
Tajiri mmoja wa Kariakoo aliyetaka kufuta saini yake.
Kijana aliyemtukana baba yake asubuhi;
huyo alimpa kiti, wala hakumdai senti.

Kisha Bi Mwanahawa, mtoto mgongoni,
mtoto aliyekunywa mafuta ya taa.
Alitoka Kongowe kwa miguu na kwa kuomba lifti.
Alifika saa ya saba.

Karakana ilifungwa siku tatu.
Katika daftari lake upo ukurasa
usio na hesabu wala mchoro,
neno moja tu, saba, saba, saba,
mpaka kalamu imetoboa karatasi.
Ufa haukupanuka. Alijaribu hadi mvi.

Nilimkuta saa kumi na moja alfajiri,
kichwa juu ya meza, poa.
Sikulia. Nilikaa kwenye kiti cha saluni
nikavuta swichi.

Saa tano usiku. Yuko hai, anasahihisha mitihani.
Akalitazama shati langu.
"Jioni uliondoka na la kijani."
Akavua miwani, akaipangusa kwa pindo la kanga.
"Kumbe ni leo. Usinitajie dakika."
Nikasema Muhimbili, nikasema bajaji iko nje,
nikasema mengi, mengine ya kijinga.
"Zimebaki karatasi kumi na nne," akasema.
"Wenyewe wanasubiri. Bandika chai, tangawizi usiionee huruma."

Karatasi ya mwisho jibu lilikuwa kosa tupu,
ila mwanafunzi alikosea kwa njia
ambayo hakuna aliyewahi kuipita.
Akampa nusu alama.
Akatabasamu peke yake.

Chuo walikuja na lori.
Kwenye orodha yao waliandika:
kiti cha saluni, kimoja, chakavu.

Sasa nauza betri Mtaa wa Uhuru.
Mtu akiniuliza saa ngapi,
natazama mshale,
nakawia kidogo kabla ya kujibu.
Wengine hudhani sijui kusoma saa.
Namsikiliza Sikudhani akipita mlemo,
kisha nasema: moja.
Saa moja, ndugu yangu. Wahi.